Historia ya Mdogo Wangu, Mliyemwita Rudia

Ndugu waombolezaji, nimepewa karatasi hii niisome kwa kuwa mimi ndiye dada yake mkubwa, na ndiye niliyebaki na sauti, ingawa nayo, kama mnavyosikia, imekwisha.

Mdogo wangu alizaliwa hapa nyumbani siku ya Jumanne, tarehe 14 Machi 1967, mtoto wa tatu na wa mwisho, akasoma shule ya msingi hii iliyo ng'ambo ya kisima kuanzia 1975 hadi 1981, kisha sekondari ya bweni, na mwaka 1988 akajiunga na chuo cha upigaji picha mjini, akahitimu 1990.

Mwaka 1991 aliajiriwa na kituo cha televisheni, akawapiga picha wakubwa wakikata utepe kwa miaka saba, hadi alipochoka, akaacha kazi na kurudi huku na kamera yake, akisema utepe ni ule ule, lakini mama akipepeta mahindi hakuna siku inayofanana na nyingine. Ndivyo zilivyopatikana filamu zake sita, ya fundi baiskeli, ya mashine ya kusaga na nyinginezo, ambazo nyote mlizitazama kwenye ukuta wa mashine hiyo hiyo, mkicheka kujiona. Nanyi ndio mliompa jina la Rudia, maana mbele yake hakuna aliyechota maji mara moja, ilibidi urudie kwa sababu jua limejificha, au kuku amekatiza. Fundi baiskeli aliziba pancha moja mara nne, mwenye baiskeli akaenda zake kwa miguu.

Alifunga ndoa na wifi yangu, mwalimu wa hisabati, tarehe 8 Juni 1996, wakajaliwa binti na mvulana.

Historia ya mtu haisomwi nusu, kwa hiyo nitasema na hili. Tarehe 2 Septemba 2009, siku aliyofariki baba, niliingia chumbani na shuka la kumfunika, naye mdogo wangu, kamera begani, akaniomba nitoke niingie tena, eti mwanga haukukaa vizuri. Sikumsemesha miaka kumi na miwili.

Novemba 2021 figo zilimshinda, akawa anasafishwa damu mara mbili kwa wiki, na damu ni nzito kuliko maji, nikamchukua nikamuuguza. Alhamisi, tarehe 9 Mei 2024, saa mbili asubuhi, nilimpelekea chai, nikaiweka, nikageuka, akaniambia, "Dada, hebu toka, uingie tena." Kamera ilikuwa kabatini, alitaka tu kuniona nikiingia. Miguu ilikuwa imenivimba, sikuwa nimelala siku tatu, nikamjibu, "Nimechoka, mdogo wangu, nitaingia baadaye." Niliporudi saa nne kuchukua kikombe, chai ilikuwa haijaguswa, naye alikuwa ameshatutoka.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa kitengo cha figo, wenzake wa televisheni waliosafiri kuja, na ninyi majirani, mliotuchotea maji wiki nzima bila kuambiwa mrudie.

Pumzika kwa amani, mdogo wangu, na siku nitakayofika huko, uwe unaangalia mlango, nitaingia mara zote utakazotaka.