Mkono wa Bi Enid

Mheshimiwa Mwenyekiti wa Bodi. Bwana Calloway, Mkurugenzi wetu. Ndugu wageni waalikwa. Nanyi wenzangu wa chumba cha uhariri: habari za jioni.

Mmenisifu sana leo, hasa kwa tamthilia yetu ya televisheni ya mwaka huu. Mmesema niliihariri kwa ustadi. Basi niwaeleze ustadi wenyewe.

Riwaya tuliyoigeuza kuwa tamthilia hiyo iliandikwa enzi za Malkia Victoria ili kuwacheka matajiri. Katika karamu ya kabaila Jocelyn, wakubwa wanajadili njaa ya wanakijiji huku wakila bata bukini. Mtumishi anayegawa supu anaangua kicheko. Anaulizwa anacheka nini, naye anajibu: "Nawacheka nyinyi, bwana. Mnaijadili njaa yetu na midomo imejaa."

Aliyeigiza mtumishi huyo ni Bi Enid Thwaite. Kwa miaka arobaini alifungua milango na kubeba sinia katika tamthilia zetu, bila kupewa hata neno moja la kusema. Siku ya kupiga picha karamu hiyo, alipomaliza, mafundi wa taa waliacha kazi wakampigia makofi.

Kisha mwenye jumba tulimopigia picha akalalamika kwamba babu zake wanadhihakiwa. Bwana Calloway akaja chumbani kwangu. "Maureen, hicho kicheko kikate tu," akaniambia. "Watazamaji hawatajua kama kilikuwepo." Nilibisha. Akasema nisipokata mimi atakata mwingine. Nikakata. Ndiyo, mimi huyu.

Hakuna aliyemwambia Bi Enid. Jumapili tamthilia ilipoonyeshwa, aliwaita majirani sebuleni kwake, kule mjini Halifax, akawaandalia chai na keki. Wakatazama hadi mwisho. Jirani mmoja akauliza, "Sasa Enid, mbona hatujakuona?"

Akajibu, "Ule mkono wenye bakuli la supu ulikuwa wangu."

Ndugu zangu, tunachukua kitabu cha kuwacheka wakubwa, halafu tunawaomba wakubwa ruhusa ya kucheka? Na tuliyemnyamazisha ni nani, kama si mtumishi yuleyule?

Nilikwenda Halifax kumwomba radhi. Hakunifokea. Alisema tu, "Ungeniambia mapema, nisingewaita watu." Nilimwalika hapa, akasema ana shughuli.

Nilimtaka Bwana Calloway akirudishe kipande kile tamthilia itakapoonyeshwa tena Krismasi. Amekataa, tena kwa barua ya mistari miwili.

Nawashukuru wote mlionifundisha kazi hii, na kwa kunivumilia jioni hii. Ila kadi zenu za mwaliko zinasema nastaafu. Naomba mzisahihishe. Muda wangu wa kustaafu ulikuwa bado miaka miwili. Mimi nimeacha kazi.