Mama Kufuli na Kesi ya Lifti

Ijumaa hii, tarehe 30 Juni, katibu wa kamati yetu ya zabuni anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja ya utumishi. Jina lake limo kwenye kitambulisho, lakini jengo zima linamwita Mama Kufuli, na yeye mwenyewe huitikia.

Alianza kama karani wa mapokezi, akasomea ununuzi huku akilea watoto wawili, kisha akakabidhiwa sanduku la zabuni. Siku ya mwisho ya kupokea zabuni, saa nne kamili ikigonga, hulifunga. Bahasha inayokuja baada ya hapo hurudi na mwenyewe bila kufunguliwa. Wapo waliosingizia foleni, wapo waliosingizia pancha, na mmoja alidai saa yetu ya ukutani ina haraka. Aliwasikiliza wote kwa upole, akawapa maji ya kunywa, akawarudishia bahasha zao.

Hata shemeji yake, mume wa dada yake, hakupona. Alikuja amechelewa na zabuni ya kupaka rangi ofisi, akiwa na hakika kwamba undugu utamfungulia. Mama Kufuli alimpa kiti, akamuuliza habari za nyumbani, akamrudishia bahasha. Dada mtu akamnunia hadi siku ya harusi ya binti yake, mpishi alipowakabidhi sufuria moja kubwa waibebe pamoja.

Ndiyo maana kesi ya lifti ilitushangaza wengi. Tulikuwa tumetangaza zabuni ya kujenga zahanati, na wakati huo sanduku lilikaa ghorofa ya sita. Siku ya mwisho mkandarasi mmoja, mama wa makamo mwenye kampuni ndogo, alifika mapema, akapanda lifti yetu, nayo ikakwama njiani. Alipotolewa, jasho linamtiririka na bahasha ameikumbatia, sanduku lilikuwa limeshafungwa. Mama Kufuli aliikataa bahasha, kwa kuwa kanuni haikumpa nafasi nyingine. Lakini alimweleza mkandarasi kwamba ana haki ya kukata rufaa, akamwelekeza na pa kwenda.

Mkandarasi akakata rufaa, na mwanasheria wetu akashikilia kwamba kuchelewa ni kuchelewa. Mkurugenzi wa wakati ule alimwita Mama Kufuli na kumtaka aiambie bodi ya rufaa kwamba hajui lolote kuhusu lifti. Meza yangu ilikuwa jirani na yake. Alirudi, akaisukuma pembeni chai yake, akaniambia, "Mwenzangu, kelele za yule mama nilizisikia kwa masikio yangu. Sasa nikaseme nini?"

Akaenda akasema alichosikia: kwamba yule mama alikuwa akigonga mlango wa lifti kabla sanduku halijafungwa, na kwamba aliyemwita fundi ni yeye Mama Kufuli mwenyewe. Bodi ikaamua kuwa mzabuni aliyekwamishwa na mitambo ya ofisi yenyewe hawezi kuhesabiwa amechelewa, ikaagiza zabuni irudiwe. Mkandarasi yule hakuipata hata mara ya pili; wengine walikuwa na bei nafuu kuliko yake. Ila safari hiyo alishindana na wenzake.

Sisi tulishindwa kesi, na Mama Kufuli akahamishiwa stoo, kwenye viti vibovu na mashine zilizokufa. Mbele yetu hakulalamika, ingawa kuna siku nilimkuta nyuma ya makabati akifuta macho. Nilijifanya natafuta gundi. Alikaa huko mpaka alipokuja mkurugenzi mwingine, akasoma uamuzi wa bodi, akamrudisha kwenye nafasi yake. Alikubali kwa sharti moja: sanduku lishushwe chini, pembeni mwa mlango wa kuingilia. Lipo hapo mpaka leo.

Tangu hapo tumeshtakiwa mara kadhaa kwa kukataa zabuni zilizochelewa, na kila mara tumeshinda, kwa sababu bodi inajua ofisi hii haifichi kosa lake. Baadhi ya walioshindwa bado hupita mezani kwake kumjulia hali.

Anasema kuanzia Jumatatu atalala mpaka jua limkute kitandani. Mumewe anasema akiona ndipo ataamini.

Dada yetu, asante kwa kutuonyesha kwamba mtu anaweza kuwa mgumu bila kuwa katili. Tunakuombea afya njema, kicheko kingi na wajukuu, na siku nyingi zisizo na tarehe ya mwisho.