Kilio cha Mama Benta

Wasikilizaji wapendwa, sogeeni karibu na redio. Leo sauti yangu ni nzito, mnivumilie. Naeema Seif hatunaye tena. Naeema wa Kaloleni, hapa Kisumu. Naeema, mtafutaji wa picha za zamani.

Watengenezaji wa filamu za makala walipotaka video za miaka iliyopita, walimpigia yeye. Alizitafuta kanda kwenye makabati ya watu, chini ya vitanda, hata ndani ya magunia ya mahindi. Akizipata, alimwomba mwenye kanda kibali cha maandishi. Wengi huishia hapo. Naeema hakuishia hapo. Aliwatafuta pia wanaoonekana ndani ya kanda.

"Dada yangu alikuwa msumbufu," anasema kaka yake, Nasir, akicheka kidogo. "Anaweza maliza wiki mzima akitafuta mtu, eti amuonyeshe sura yake mwenyewe."

Kuna kampuni ya filamu ilitaka picha za mazishi ya Kijaluo ya zamani. Naeema akapata kanda kwa mpiga video mmoja wa Pap Onditi. Yalikuwa mazishi ya Mzee Absalom, mwalimu wa kwaya. Mpiga video akatia sahihi. Kisheria, kazi ilikuwa imekwisha. Lakini ndani ya kanda mjane alikuwa akigaragara mavumbini. Naeema akamfuata mjane huyo, Mama Benta, hadi Asembo Bay. Wakaitazama pamoja.

"Ile mahali naimba, chukua," Mama Benta alimwambia. "Ile mahali nalia, hiyo achia mimi."

Kampuni ilitaka kilio. Wimbo hawakuutaka. Naeema akakataa kuwapa, na kazi ikamponyoka. Kanda, kwa ridhaa ya mpiga video, ikabaki Asembo Bay kwa Mama Benta.

Jumatano iliyopita Naeema alifariki baada ya kuugua figo. Akazikwa alasiri ileile, kama ilivyo desturi ya Waislamu. Mama Benta alipopata habari, alijipanga Kijaluo, ambako mazishi hungoja siku kadhaa: akaita kwaya, akakodi mpiga video, akaja Jumamosi. Alikuta mikeka imeshakunjwa.

"Nasir, mmemzika? Bila mimi?"

"Mama, kwetu hatungojangi," Nasir akamjibu kwa upole.

Mama Benta akaketi mlangoni, akalia. Mpiga video, kwa heshima, akashusha kamera.

"Inua hiyo kitu," Mama Benta akamwambia. "Hii kulia yangu leo, chukua yote. Watu wajue nimelilia nyathina, mtoto wangu."

Nasir na familia yote ya Kaloleni, poleni sana. Inatuuma na sisi. Mungu amlaze mahali pema. Na wewe msikilizaji, simu yako ina video za watu wakilia. Kabla hujazisambaza, mkumbuke Naeema. Mwenye chozi umemuuliza?

Sisi hapa studio tunayo sauti ya Mama Benta ya Jumamosi ile. Tulimpigia kwanza, tukamuuliza. Amekubali. Tunyamaze, tumsikilize.