Bertilla wa Televisheni na Mbegu ya Mama

Bertilla Benjamini alizaliwa tarehe 14 Agosti 1984, Milanzi, Sumbawanga, akiwa kitinda mimba wa marehemu mzee Benjamini na marehemu mama Mary. Dada yake mkubwa, Rosina, ndiye aliyembeba, na anasema hata mgongoni hakutulia.

Alisoma Shule ya Msingi Milanzi, kisha sekondari hapa mjini hadi 2002. Akiwa darasa la tano alipanga upya sebule wazazi wakiwa misani. Mzee aliporudi akakaa bila kutazama, akajikuta sakafuni. Bahati ya mtoto, mzee alicheka.

Mwaka 2007 alihitimu stashahada ya ubunifu wa ndani, Dar es Salaam. Tarehe 6 Oktoba 2012 alifunga ndoa na mwalimu Lugano wa Mbeya, ambaye alijifunza kuuliza kitanda kiko wapi leo kabla hajavua viatu. Kuanzia 2014 alionekana katika vipindi vya televisheni vya mapambo ya nyumba, akibadilisha chumba kizima kwa siku moja. Tulijivuna naye, tusifiche.

Julai 2018 alileta kamera Laela, nyumbani kwa Rosina, aliyekuwa Wampembe akimuuguza binti yake aliyejifungua. Alitaka kumshtukiza kwa furaha. Jikoni, juu ya moto, yalining'inia mahindi ya mbegu waliyoachiwa na mama yao, yakilindwa na moshi. Bertilla aliyashusha akayapamba ukutani sebuleni. Alikusudia kuyarudisha kipindi kikiisha, lakini gari lilikuwa linasubiri, na yeye na kusubiri hawakuwahi kuelewana. Rosina aliporudi Oktoba, fukusi walikuwa wameyamaliza. Mbegu ile haikuwapo kwa mtu mwingine yeyote.

"Sebule imependeza," Rosina alimwambia kwa simu. "Sasa msimu huu nipande makochi?"

Machi 2019, kipindi kikiwa hewani, Bertilla alisimama akasema, "Nilimharibia dada yangu mbegu ya mama ili ninyi muone pazuri." Rosina alimtazama kwa jirani, akalia, wala hakupiga simu. Tangu hapo kila alipokuja Bertilla aliuliza, "Dada, umenisamehe?" Rosina alijibu, "Kula kwanza." Na mgeni mwenyewe hakukaa hata sahani ikaisha.

Mwaka 2023 aliugua figo. Tarehe 8 Mei 2025, hospitalini Mbeya, aliuliza tena. Rosina akamwambia, "Pona kwanza, mdogo wangu, tutaongea." Alifariki asubuhi iliyofuata.

Ameacha mume, Lugano. Watoto wawili, Faith na Calvin. Kaka zake, Adolfu na Flavian. Na dada yake Rosina. Rosina ameomba lisomwe hili kabla jeneza halijashushwa: alikwisha kumsamehe siku ileile ya televisheni. Alitaka tu aendelee kuja kuuliza.

Mungu ampatie Bertilla mahali pa kutulia, na apumzike hapo kwa amani.