Shelke na Mshale wa Alama ya Kumi na Saba

Bwana Pandharinath Dhondiba Shelke, nyapara wa genge la nne la njia ya reli hapa Karvandi, anastaafu Ijumaa hii, tarehe 31 Oktoba, baada ya miaka thelathini na minane na miezi minne ya utumishi. Ofisi imeniomba niandike ukurasa wa kuchangamsha, wenye vichekesho viwili vitatu, wa kuwekwa kwenye ratiba ya sherehe. Vichekesho vipo. Ila niseme mapema kwamba ninaandika nikiwa na hasira, na sioni sababu ya kuificha.

Aliajiriwa akiwa kijana wa miaka ishirini na mmoja, kazi yake kubeba kokoto kwa karai kwenye mteremko wa Bhorkhind. Mwaka wa tatu akapewa mtaimbo, mwaka wa saba akapewa rula. Tangu apewe rula hakuiachia. Mkewe husema amewahi kuikuta chini ya mto wa kulalia, na hakuna aliyeshangaa.

Mtu asiyefanya kazi ya njia huenda hajawahi kulisikia neno vasaini, na wala asijilaumu. Reli ikikata kona, watu wawili hushika uzi wa mita ishirini, kila ncha ikigusa reli ya nje. Kona inakuwa upinde, uzi unakuwa ugwe wake. Mtu wa tatu anainama katikati na kupima kwa rula nafasi iliyopo kati ya uzi na reli. Nafasi hiyo ndiyo vasaini. Wahenga wetu waliohesabu mwendo wa nyota waliiita mshale, kwa kuwa ndipo mshale unapokaa upinde ukivutwa. Mabaharia nao walichukua nusu yake wakapimia safari zao. Siku hizi vitabu vya shule vimeifuta. Binti yake Shelke, Sharayu, alirudi kutoka chuoni Pune akamwambia baba yake kwamba mwalimu wa hesabu amesema neno hilo limekufa. Shelke alikuwa anakula, akamega mkate wake wa bhakri taratibu. "Mwambie mwalimu wako aje siku moja," alisema, "ila avae viatu vya kazi."

Kwenye genge neno halijafa hata kidogo. Mwenye kitambi tunasema vasaini yake imezidi. Mtu mgumu asiyepindika tunamwita vasaini sifuri, na hiyo si sifa, kwa sababu reli isiyopinda huku mlimani inaishia korongoni. Shelke mwenyewe hakupenda utani huo. Kwake vasaini ilikuwa namba moja inayosomwa mahali pamoja, na upepo ukiyumbisha uzi haisomwi kabisa, mnakaa mnasubiri. Niliwahi kumshuhudia akimshikisha uzi mkaguzi mmoja aliyetoka makao makuu, akamwambia, "Mheshimiwa, usipumue kwa nguvu, unanisumbulia namba." Mkaguzi alikaa pale kwenye kokoto karibu saa nzima. Siku ya harusi ya Sharayu, Shelke alipima maua yaliyotundikwa mlangoni na kuwaambia mafundi kwamba upande wa kushoto umeshuka kwa milimita sita. Wakarudia kazi.

Mimi ndiye niliyeshika ncha ya pili ya uzi wake kwa miaka kumi na tisa, kabla mgongo haujanipeleka stoo. Kwa hiyo ninachokisema sasa sikuhadithiwa.

Kona namba 23 ina alama thelathini za rangi nyeupe, moja kila mita kumi, na kila alama ina vasaini ya milimita 57. Ukizijumlisha zote unapata 1710. Njia inaweza kusukumwa huku na huku na joto, mvua na uzito wa treni, lakini jumla haibadiliki, maana kona inamgeuza msafiri kiasi kilekile kila mwaka. Mlima haujahama. Reli ikitoka nje mahali pamoja, mshale wa pale unarefuka, na mishale ya majirani wawili inapungua, kila mmoja kwa nusu ya nyongeza ile. Hili analijua kila mtu aliyewahi kushika uzi. Wanaoshika kalamu peke yake hawalijui.

Miaka kumi na moja iliyopita, mwezi wa Agosti, mvua ilikuwa imelainisha udongo chini ya kokoto. Shelke aliinama alama ya kumi na saba akasoma 91. Alisoma mara tatu. Alama ya kumi na sita ilikuwa 40, ya kumi na nane 40. Ilikuwa Jumanne tarehe 5, na Jumanne iliyofuata treni mpya ya mwendo kasi ilikuwa ipite hapa kwa mara ya kwanza, na wageni wake na bendi yake. Shelke aliandika 91 kwenye daftari, na chini yake, kwa wino mwekundu, treni zote zipite kwa kilomita thelathini kwa saa.

Mhandisi wetu wakati ule alikuwa kijana, Bwana Avadhut Sabnis. Alimwita Shelke ofisini na mimi nikiwa mlangoni na uzi mkononi.

"Mzee Shelke, unataka wageni watambae kama kobe?"

"Nataka wafike, bosi."

"Hiyo 91 umeitoa wapi?"

"Kwenye rula."

Kesho yake, Jumatano tarehe 6, daftari lilirudi limechapwa upya na kutiwa saini. Alama ya kumi na saba ilikuwa imeandikwa 57. Hakuna treni yoyote iliyopunguziwa mwendo.

Njia ya mwongo ni fupi, lakini treni haingojei mwongo aufikie mwisho wa njia yake. Jumapili tarehe 10 asubuhi Shelke alituita watu kumi na mmoja, kila mmoja na mtaimbo wake. Hakuwa na kibali cha kazi. Alikuwa ameomba mara mbili akanyimwa. Nilimvuta kando nikamwambia, "Mjomba, tukiivuta leo tukairudisha sawa, kesho huna ushahidi. Watakuja kupima watakuta 57."

Akaniangalia kana kwamba nimemtukana. "Unataka ushahidi gani, Kusum? Wa mabehewa yakiwa kule chini?"

Tukavuta. Milimita thelathini na nne, kwa mikono, kati ya treni ya saa tatu na treni ya saa tano. Alipima tena alama zote tatu, akasema sawa, tukaenda kunywa chai.

Jumatatu Bwana Sabnis alikuja na mashahidi wake wawili, akapima kona nzima, akakuta 57 kila mahali, alama ya kumi na saba pamoja na majirani zake. Jumanne treni ikapita kwa kilomita mia, bendi ikapigwa, wageni wakapunga mikono kwenye madirisha. Alhamisi Shelke akaitwa mbele ya kamati ya watu watatu. Walimaliza kwa muda wa kikombe kimoja cha chai. Alieleza kwamba genge lilivuta njia Jumapili. Wakasema hakuna kibali, kwa hiyo hakuna kazi iliyofanyika. Wenzake kumi walisimama naye. Wakasema genge siku zote humtetea nyapara wake. Aliwaomba wajumlishe namba za daftari lililochapwa. Hakuna aliyejumlisha. Mimi niliomba kutoa maelezo, nikajibiwa, "Huyu hushika uzi tu, hasomi rula."

Ndivyo ulivyoingia mstari mmoja kwenye jalada lake la utumishi: Alitoa kipimo cha uongo kwa nia ya kuchelewesha treni. Mara tatu baada ya hapo alistahili kupandishwa kuwa mkaguzi msaidizi, na mara tatu jalada lilifunguliwa, mstari ukasomwa, jalada likafungwa. Vijana aliowafundisha yeye kushika uzi walipandishwa wakawa wakubwa wake. Aliwaamkia kwa heshima na kuwasahihishia namba zao. Watu husema tenda wema nenda zako. Yeye alitenda, na hakuwa na pa kwenda. Kila asubuhi alirudi kwenye kona ileile.

Mwezi uliopita niliambiwa nitoe stooni madaftari ya zamani yauzwe kama karatasi chakavu. Nilifungua kila moja kabla sijalifunga kwa kamba. Nililipata lile lililochapwa tarehe 6, na lile la Jumatatu tarehe 11, yote mawili yakiwa na saini ya Bwana Sabnis. Nawaomba mlioshika ratiba hii msome pamoja nami.

Tarehe 6, alama ya kumi na tano hadi ya kumi na tisa: 57, 40, 57, 40, 57. Jumla ya kona nzima 1676.

Tarehe 11, alama zilezile: 57, 57, 57, 57, 57. Jumla 1710.

Aliyebadilisha 91 ikawa 57 aliwasahau majirani. Alirekebisha namba moja akaziacha zile mbili zikimshitaki, na milimita thelathini na nne zikapotea kwenye jumla. Na kama kweli njia haikuguswa Jumapili, ni nani aliyeitoa ile mishale miwili kwenye 40 akaifikisha 57? Mtoto wa darasa la nne angeuliza hivyo. Kamati ya watu watatu haikuuliza, na mimi, niliyeijua hesabu hii tangu siku ile, nilijibiwa mara moja nikanyamaza miaka kumi na moja. Hasira niliyoisema pale juu, sehemu yake ni yangu mwenyewe.

Wiki iliyopita nilimpelekea Bwana Sabnis madaftari yote mawili. Sasa ndiye mhandisi mkuu wa kituo, na ndiye atakayemvisha mstaafu shali. Aliyafunua yote mawili. Kisha akayarudisha upande wangu wa meza.

"Dada Kusum, haya ni ya miaka kumi na moja. Mzee anaondoka. Mwache aondoke kwa amani."

"Amani ya nani, bosi?"

Akaniuliza kama ratiba imeshakwenda kwa mchapaji.

Kamati ya sherehe nayo ilimuuliza Shelke angependa zawadi gani, saa ya ukutani au seti ya vyombo. Nilikuwapo. Alisema, "Saa ninayo. Nimepima kwa miaka thelathini na minane. Jalada langu linasema siku moja nilidanganya. Mtu akishadanganya siku moja, hizo siku nyingine ataziamini nani? Kila namba niliyoiandika kwenye mlima ule imelala chini ya mstari huo. Mniondolee huo." Wakamwandikia saa ya ukutani.

Basi, kwa kuwa kazi ya kuandaa ratiba nimepewa mimi, nimeiandaa. Geuzeni ukurasa. Shughuli namba moja ni sala, namba mbili ni hotuba ya chama cha wafanyakazi. Namba nne ni kuvishwa shali na kukabidhiwa nazi, heshima ya mstaafu kwa desturi yetu. Namba tatu ni Kufutwa kwa Mstari, itakayofanywa na mhandisi mkuu. Jalada la Bwana Shelke litakuwa mezani, ukurasa umefunguliwa, madaftari mawili kando yake, na kalamu yenye wino mwekundu. Nimechapisha nakala mia mbili na hamsini, na kila mtu ukumbini atakuwa anaisoma hii wakati mmoja na wewe, Bwana Sabnis. Hakuna atakayekusukuma. Tutakutazama tu.

Bwana Shelke, genge la nne linakushukuru kwa mikono uliyoifundisha, kwa kokoto ulizotulazimisha kuzipanga upya, na kwa watu wote waliopita kona namba 23 wakisinzia wasijue jina lako. Tunakuombea magoti yapone, wajukuu wakuchoshe, na kahawa yako isikuishie utamu. Tunakutakia maisha mema kuanzia pale shughuli namba tatu itakapokamilika. Kabla ya hapo hatukuagi, na shali haitoki kwenye mfuko wake.

Kusum Ranpise,
Stoo ya Njia, Karvandi