Marehemu Kapanda Tramu

Mama mwenye fungu la vitunguu alimkazia macho Zahari, mwigizaji mzee, na tramu nzima ya jijini Sofia ikatega sikio. "Mzee wangu, si wewe ndiye unayekufa kila filamu? Mume wangu akikuona tu husema, marehemu kaingia!"

Abiria wakacheka. Zahari hakucheka; katika filamu zake zote alipigwa risasi kabla watazamaji hawajamaliza hata mbegu zao za alizeti.

"Leo jukwaani naishi mpaka pazia lishuke."

"Utaweza? Hujazoea, na unavyohema hivyo!"

"Nitaweza, mama."

Tramu ikasimama mbele ya ukumbi wa maonyesho. Mama akafungua chupa, akamwaga maji mbele ya miguu ya Zahari aliyekuwa akishuka, kama anavyomwagiwa mtoto anayekwenda kwenye mtihani ili apate bahati. "Nenda, mzee wangu. Na ole wako ukifa!"