Jibu la Kiingereza kwa Baba Mkwe

Pale Nanyala, kando ya barabara kuu, Nesta huuza kahawa, na benchi lake halikai tupu hata msimu wa kuchuma. Asubuhi hiyo ya baridi Amoni alikuwa ameketi pembeni, simu mkononi, roho juu. Mkewe Gwantwa alikuwa kwao tangu Jumatatu akichuma kahawa, na alikwisha kusema harudi mpaka mumewe aonekane shambani, maana kwao mkwe mpya huchuma msimu wa kwanza kwa wazazi wa mke. Sasa Mzee Zebedayo, babake Gwantwa, alikuwa ametuma ujumbe: “Uko wapi, mkwe?” Mzee aliwauzia Wazambia mahindi miaka mingi na hupenda Kiingereza. Amoni aliona neno moja zuri la Kiingereza lingemwokoa.

— Andika uko resti, alisema Ferdinand, ambaye kijiweni aliitwa Kamusi.

— Resti ni ya wagonjwa, alikataa Osward. Huyu walimwita Foleni. Lori lake lilikuwa limeegeshwa ng’ambo ya barabara, likingoja msongamano wa Tunduma upungue. — Andika standibai. Mimi hapa nimekaa, lakini niko standibai. Tajiri akisikia hivyo hanisumbui.

— Mzee atauliza nasubiri nini, kaka.

— Basi livu, akasema Kamusi. Mtu aliye likizo haguswi.

— Livu ya kazi ipi? Nesta aliuliza akimimina. Huyu Amoni mara ya mwisho kushika jembe alikuwa analisogeza apite.

Amoni alicheka na wenzake, ingawa lilimchoma.

— Wenzetu wana maneno ya kupumzika kuliko sisi tulivyo na mashangazi, Kamusi aliendelea. Kuna breki ya chai, kuna ofu, kuna rilaksi. Sisi mtu akikaa kidogo tu, mvivu. Tutaendelea lini?

Foleni akashusha sauti kama anatoa siri.

— Andika lodishedingi. Kule Zambia umeme hukatwa kwa zamu. Na mwili ni hivyo hivyo. Leo imekatwa mikono, kesho miguu.

— Na mdomo? aliuliza Nesta.

— Mdomo uko laini ya hospitali, dada. Haukatwi.

Amoni akaandika, “Baba, niko lodishedingi,” akatuma.

Simu ikalia nyuma yao. Mzee Zebedayo alikuwa anashuka kwenye bodaboda.

— Shikamoo, baba, alisema Amoni, na benchi zima likamfuata.

— Marahaba. Nimefuata magunia dukani.

Mzee alisoma ujumbe taratibu, kisha akawatazama mmoja mmoja, bila hasira, kama mtu anayetaka kujifunza.

— Neno zuri. Ila nisaidieni kidogo, wanangu. Mmechoka na nini?

Kamusi alichungulia kikombe chake. Foleni aliangalia lori. Nesta alitikisa birika, lilikuwa tupu.

Amoni akasimama.

— Baba, kapu langu lipo?

— Lipo. Gwantwa amelitundika tangu Jumatatu.